Fungu la Saba

Mguu wa Anjani bado uko hewani.

Najua mmenilaani wiki nzima kwa kuuacha pale. Mmoja wenu kaniandikia barua kuniuliza kama nina roho kweli. Haya, leo tuushushe huo mguu. Shida ni kwamba hauna pa kushukia.

Kando ya moto yalipangwa mafungu sita ya mchele. Bibi harusi hukanyaga saba, kwa kidole gumba cha mguu wa kulia, fungu moja baada ya jingine, bwana harusi akikanyaga kando yake, na lile la saba ndilo linalomfanya kuwa mke wa mtu. Sita ni matembezi tu. Bombay nzima inalijua hilo, na Anjani alilijua kuliko wote.

"Kata!" Dinkar, mwongozaji wa picha, alibwaga kofia yake chini. "Kata, kata! Nani kapanga mchele huu?"

Kamera ikanyamaza. Moto uliendelea kuwaka, maana ulikuwa moto wa kweli. Hata kuhani aliyekaa mbele yake alikuwa kuhani wa kweli, mtu wa makamo mwenye tumbo la heshima, ambaye wote walimwita Bhatji.

"Mimi, bwana," alisema mzee Tukaram, mpangaji wa vifaa vya studio.

"Hujui kuhesabu mpaka saba? Wewe hukuoa?"

"Nilioa, bwana. Mara moja tu, ikanitosha."

Watu wakaangua kicheko. Dinkar hakucheka. Mkanda wa kupigia picha ulitoka Ujerumani kwa meli, jua lilikuwa linakwenda zake juu ya paa la kioo, na baada ya dakika chache treni ya Kalyan ingepita na kuvuruga sauti yote.

"Niliambiwa sita," Tukaram akaongeza taratibu.

"Na nani?"

Mzee akamtazama Bhatji. Bhatji akamtazama Moreshwar. Na Moreshwar Tamhane, bwana harusi wa kwenye picha, kijana ambaye wasichana wa Pune hukata sura yake magazetini na kuificha chini ya godoro, akaanza kuzitengeneza shanga zilizoning'inia kwenye paji la uso wake kana kwamba hajapata kuziona.

Alijua nani kasema sita. Alijua vizuri sana.

"Hakuna jibu? Vizuri," alisema Dinkar. "Tukaram, chukua mwavuli wako uende nyumbani. Kesho usije."

Sema, Moreshwar! Sema maneno mawili tu, "Ni mimi," mzee wa watu abaki na kazi yake. Wapi! Nyuma ya kamera, kwenye viti vya henzerani, alikaa Raosaheb Athalye mwenye studio, na ubavuni pake binti yake Vatsala. Walikuja kutazama picha ikipigwa. Moreshwar aliwatazama, akarudi kuzitengeneza shanga zake. Tukaram akainama, akaokota mwavuli, akaanza kuuendea mlango. Moreshwar alimwona akienda, akamwacha aende, na masikio yakamwaka kwa aibu.

Kwa aliyekosa gazeti la wiki jana, mambo yalikuwa hivi.

Siku kumi zilizopita, Moreshwar na Anjani Mandrekar walikaa kwenye ngazi za nyuma za studio wakila bajia kwenye karatasi. Ni yeye Moreshwar aliyeanza. "Anju, hakuna kuhani atakayetuoza sisi. Mimi mtoto wa Kibrahmani wa Sangli, tabaka la makuhani, wewe mtoto wa waimbaji wa hekalu huko Goa. Lakini kwenye picha hii tuna harusi. Nitamwomba Dinkarrao, mwongozaji wetu, alete kuhani wa kweli, moto wa kweli, maneno ya kweli. Wao watadhani tunaigiza."

Anjani alicheka kwanza, kisha akalia. Mama yake hakuolewa. Bibi yake hakuolewa. Wanawake wa nyumba yao huitwa kuimba kwenye harusi za watu, hupewa sari na peremende, wakarudishwa kwao. Hajapata kutokea mmoja wao aliyekanyaga mchele ule.

Jumatatu, Raosaheb akamwita Moreshwar ofisini. Akampa chai, akamwambia atampeleka Berlin mwaka mzima kujifunza kuongoza picha, na akirudi atampa Vatsala. "Uwe safi tu, kijana. Nisisikie mambo mambo." Moreshwar, ambaye miaka miwili nyuma alikuwa akigonga mihuri posta ya Sangli, alitoka mle ofisini hajui anakanyaga chini au juu.

Jumatano akaenda kwa Bhatji. Na Anjani hakuambiwa kitu. Tangu jana amefunga, hata maji hajanywa, kama bibi harusi wa kweli. Bangili za studio alizirudisha. Alikwenda sokoni mwenyewe akanunua zile za kijani za kioo, akazivaa zote mpaka karibu na kiwiko.

Sasa turudi. Tukaram amefika mlangoni.

"Mrudisheni mzee!" Bhatji alipaza sauti. "Mimi ndiye niliyemwambia sita. Na mimi niliambiwa na bwana harusi."

"Nani? Moru?" Dinkar aligeuka. "Moru huyu huyu?"

"Alikuja kwangu na nazi na shali. Akasema, Bhatji, panga sita, na maneno ya hatua ya saba yameze, ukohoe kidogo yapite. Nikamwuliza, kwani kuna nini, si ni picha tu? Akasema..." Bhatji akasita, akakuna tumbo.

"Akasema nini?"

Huyo alikuwa Anjani.

"Mwanangu, niache."

"Bhatji, sijala tangu jana. Niambie nikale."

Kuhani akatazama moto. "Alisema asije akaamka siku moja akajikuta amefungwa na mwanamke wa aina yako."

Hapo ndipo mguu uliposhuka, wasomaji wangu. Ulishuka kwenye sakafu tupu.

Moreshwar alitamani ardhi ipasuke immeze. Angekimbia, lakini hakuweza hata kusogea hatua mbili, maana ncha ya shali yake ilikuwa imefungwa fundo na ncha ya sari ya Anjani, kama desturi inavyotaka. Alikuwa amefungwa kwa mtu aliyekuwa akimtazama.

"Anju," alinong'ona, "nisikilize. Nilitaka tufanye kwa heshima. Baadaye. Nyumbani, mbele ya mama yangu, si hapa katikati ya mbao na rangi."

"Kweli?"

"Kweli tupu."

Alikuwa ameutunga uongo huo papo hapo. Akaona uso wa Anjani ukilainika. Alitaka kumwamini, maskini! Baada ya yote yale, bado alitaka kumwamini, na kuona hivyo kulimwumiza Moreshwar kuliko kama angepigwa kofi.

"Basi mwambie yule." Anjani alimwonyesha Raosaheb kwa kidevu. "Sikuombi mengi. Sema, huyu nitamwoa. Sema nisikie."

Raosaheb alikwisha simama. "Kuna nini hapo, Moreshwar? Una neno la kuniambia?"

Studio nzima ikatega sikio. Moreshwar akafungua kinywa. Alimwona Vatsala ameshika mkoba wake mapajani, anamngojea. Alimwona Tukaram mlangoni na mwavuli wake. Akaiona Berlin, mji asioujua hata rangi yake.

"Hapana, Raosaheb," alisema. "Ni mchezo tu. Ni picha."

Alisema hivyo huku wamefungwa fundo moja.

Raosaheb akaja akampiga piga begani. "Nilijua! Mnamwona kijana huyu? Ana akili kuliko sisi wote. Mwingine angejiingiza kwenye ndoa hivi hivi kama mbuzi anayeingia kwenye shamba la mtu. Safi sana, mwanangu."

Moreshwar hajapata kusifiwa hivyo maishani, wala hajapata kutamani hivyo mtu anyamaze. Kila pigo la mkono ule begani lilimshusha. Alimtazama Vatsala, akitumaini angalau huko atapata uso wa huruma. Vatsala alikuwa anatazama bangili za kijani za Anjani. Kisha alimtazama yeye, mara moja, na kuinua pua kama aliyesikia harufu ya samaki.

Anjani hakulia. Ningependa niwaambie alilia, mngefurahi, lakini hakulia.

"Dinkarrao," alisema, "weka fungu la saba tumalize. Jua linakwenda."

"Asikanyage!" Raosaheb aliruka. "Bhatji, Moreshwar akikanyaga naye la saba itakuwaje?"

"Itakuwa ndoa, Raosaheb. Moto haujui kamera."

"Basi asikanyage!"

"Na picha yangu je?" Dinkar alishika kichwa. "Picha nzima inaelekea kwenye hatua hii! Watu watarudishiwa viingilio vyao!" Akazunguka moto mara mbili akijisemea, halafu akasimama ghafla. "Miguu," alisema. "Kamera inatazama miguu tu. Hakuna sura hapa. Mguu wa mwanamume yeyote utafaa. Nitakanyaga mimi."

"Wewe?"

"Nina mke mtaani Girgaon na watoto watano. Hakuna atakayenigombania." Alikuwa tayari anavua viatu. "Moru atasimama pale, chini ya maikrofoni, nje ya picha, aseme maneno ya bwana harusi. Sauti yake watu wanaijua, ya kwangu itawafukuza. Miguu yangu, sauti yake. Twende!"

Lazima iwe hivyo, maana sauti na picha vinaingia pamoja kwenye mkanda, ukikosa umekosa. Raosaheb akaafiki. Wote wakaafiki. Bhatji alitaka kusema kitu, ila Dinkar alikwisha mwambia akae kimya mpaka aulizwe.

Likabaki fundo. Mwanamke wa mavazi alipokuja kulifungua, Anjani alimwondoa mkono. Alilifungua mwenyewe, taratibu, kwa kucha zake, huku Moreshwar amesimama mbele yake kama mwizi anayepekuliwa. Alipomaliza alimtoa Moreshwar ile shali begani, akampa Dinkar.

"Shika, Dinkarrao," alisema. "Wewe angalau umevua viatu."

Tukaram akarudishwa, akatoa konzi ya mchele, akapanga fungu la saba. Alipopita karibu na Moreshwar hakumtazama. Treni ya Kalyan ikapita, vioo vya paa vikatetemeka. Feni zikazimwa. Framroze, Mparsi aliyerekodi sauti, akaingia kibandani mwake akavaa visikizio, akagonga kengele.

Kimya. Kamera ikaanza kuzunguka.

Hatua ya kwanza. Moreshwar, nje ya picha, akasema maneno yake. Ya pili. Ya tatu. Chini yake aliona miguu miwili. Mmoja wa Dinkar, mpana, wenye sugu. Mwingine wa Anjani, uliopakwa hina na mkono wa mtu aliyejipaka peke yake, hina imepinda kidogo pembeni. Hakuwa na dada wa kumpaka, na hakutaka mtu wa studio amguse. Jambo hilo Moreshwar hakuwa amelifikiria mpaka sasa.

Ya nne. Ya tano. Sauti yake ikaanza kukwama. Framroze alikunja uso kibandani, lakini hakugonga kengele.

Ya sita.

"Kwa hatua ya saba," alisema Moreshwar, "uwe rafiki yangu. Sitakuacha."

Alikuwa ameyasoma maneno hayo mara mia mbele ya kioo. Safari hii hakuigiza. Yalimtoka tumboni, yote, pamoja na roho yake, na wakati huo huo kidole cha Anjani kiligusa mchele wa saba kando ya mguu wa mwanamume mwingine. Machozi yakamtiririka mbele ya watu wote. Aliona aibu kulia na aliona aibu zaidi kwamba ameyasema kweli sasa, pale ambapo hayamgharimu kitu.

Ndivyo alivyodhani.

"Kata!" Dinkar alipiga makofi. "Imekwisha!"

"Haijakwisha," alisema Bhatji. "Naweza kusema sasa? Nimeulizwa?"

"Sema basi, baba!"

"Miguu ilikuwa ya kuazima, hilo halina neno. Wanajeshi walio mbali huoa hivyo. Lakini neno halikuazimwa. Neno la bwana harusi limesemwa na Moreshwar mtoto wa Tamhane, mbele ya moto, nami nikiwa shahidi, na hata mtoto mdogo angesikia kwamba alikuwa hatanii. Kwa upande wake yeye, amekwisha oa."

Nani hakupiga kelele hapo? Raosaheb alitaka kuumeza moto wenyewe. "Kuhani gani wewe! Kwa nini hukusema mapema?"

"Niliambiwa nikae kimya."

"Tengua!"

"Sina la kutengua. Limebaki neno la bibi harusi. Akilisema, ni mume na mke. Asiposema, hakuna kitu, tulikula moshi bure."

Framroze akatoa kichwa kibandani. "Kwani bibi hakusema? Ndiyo maana! Mstari wake haumo, bwana. Kimya kitupu. Lazima tuurudie huo."

Mstari wenyewe kwenye karatasi ulikuwa mfupi: "Nimekuja, nami ni wako." Anjani alikuwa amenyamaza kwa makusudi, na sasa watu wote waliokuwa wanampita asubuhi bila salamu waligeuka wakamtazama yeye.

Raosaheb alikuwa wa kwanza kulainika. "Binti yangu," alisema, na ilikuwa mara ya kwanza kumwita binti. "Mwanangu Anjani. Huo mstari si lazima. Tuutoe. Nitakupa picha tatu, jina lako juu ya majina ya wote."

"Kaa, Raosaheb," alisema Anjani kwa upole. "Unaziba mwanga."

Raosaheb akakaa.

Moreshwar alisogea. Hakuona tena Berlin. Alichoona ni mlango mmoja mdogo uliobaki, na ufunguo uko kwa mtu ambaye yeye mwenyewe alimkana nusu saa iliyopita. Atamwomba kwa uso gani? Aliuomba hivyo hivyo, bila uso.

"Anju, sema tu. Lisemwe, liishe. Leo hii nitapanda stima na wewe kwenda Goa. Nitamwangukia mama yako miguuni."

"Mbele ya Raosaheb hukuweza kusema maneno mawili."

"Sasa nitasema! Raosaheb, mimi..."

"Sasa kuna mtu amekwisha kukusemea," Anjani alimkata. "Bhatji kakusemea. Moru, umeingia ndani ya picha. Rudi nyuma."

Kweli, alikuwa amesimama mbele ya kamera. Akarudi nyuma hatua moja, ya pili, ya tatu, kila mtu akimpisha kwa haraka kana kwamba ana upele.

Kengele. Safari hii kamera iliinuliwa ikatazama uso wa Anjani. Alikuwa mweupe kwa njaa. Midomo ilikauka. Dinkar alimwashiria kwa mkono, sasa.

Moreshwar aliomba. Mtu aliyenunua kuhani ili asioe alisimama gizani nyuma ya taa, viganja vimeshikana, akiomba aozwe.

Anjani alitazama pale penye giza, moja kwa moja, akampata.

"Mtu huyu," alisema, wazi, bila haraka, "mimi simjui."

Bhatji akafunga kitabu chake.

"Imeingia!" Framroze alipaza sauti kibandani. "Kila neno, safi kama maji!"

Raosaheb alicheka kwa nguvu, akajipangusa jasho. "Asante Mungu! Haya, ikateni hiyo, mrudie vizuri."

"Haikatwi," alisema Dinkar. Alikuwa bado peku, ametumbua macho kama mtu aliyeokota lulu jalalani. "Huo ndio mwisho wa picha, Raosaheb. Bibi harusi anamkana bwana harusi mbele ya moto. Toka Karachi mpaka Rangoon, hakuna mwanamke atakayetoka kwenye sinema na leso kavu."

Raosaheb alifungua kinywa kukataa. Kisha akaufikiria ukumbi uliojaa. Alikuwa mwenye studio miaka mingi kabla hajawa mkwe wa mtu.

"Iache," alisema.

"Raosaheb!" Moreshwar alipiga hatua. "Watu watajua! Sangli nzima itajua. Mama yangu atakwenda kuitazama!"

"Ni mchezo tu, kijana," alisema Raosaheb. "Ni picha."

Anjani alikuwa ameshika njia. Alimpita Tukaram, ambaye alimfungulia mlango na kumpa mwavuli wake, maana nje jua la alasiri lilikuwa bado kali. Bangili zilisikika zikienda uani. Ukikimbia, Moreshwar, utamkuta kabla hajafika barabarani!

"Nakosa kitu kimoja tu," Dinkar alikuwa anasema, huku anasukuma kamera kwa mikono yake mwenyewe. "Uso wa bwana harusi. Karibu, karibu kabisa. Moru, usijipake kitu, usijifute. Naitaka sura hiyo hiyo."

Taa zote tatu zikamgeukia. Moreshwar akatazama mlango uliobaki wazi, akatazama kile kioo cheusi cha kamera kilichokuwa kikimjia.

"Usisogee," alisema Dinkar. "Mkanda unakwenda."